Benki Inapoidai Kampuni Iliyolemewa: Nani Huenda Kortini, na Nani Hulipwa Kwanza

Ukipita Barabara ya Obote katika eneo la viwanda la Kisumu, huenda siku moja ukakuta lango la kiwanda limefungwa kwa mnyororo na karatasi imebandikwa juu yake. Wapita njia husoma neno "mnada", husoma jina la dalali, kisha huambiana kwamba benki imeipeleka kampuni kortini. Mara nyingi sivyo ilivyo. Karatasi ile inaweza kuwa tangazo la mnada ambao haukuhitaji idhini ya hakimu wala jaji. Inaweza kuwa ilani ya meneja mrasimu, yaani mtu anayeshika mali ya kampuni ili kurejesha fedha za benki, aliyeteuliwa na benki yenyewe. Inaweza kuwa inatangaza msimamizi aliyewekwa chini ya Sheria ya Ufilisi. Au inaweza kuwa mwanzo wa kuivunja kampuni kabisa. Hizo ni njia zenye sheria tofauti, muda tofauti na matokeo tofauti kwa mfanyakazi, kwa mkulima na kwa mwenye kampuni, na kuzichanganya kumewafanya watu wengi wakae wakisubiri mahali pasipo pao hadi siku zao za kudai zikaisha.

Ninaandika haya kwa sababu eneo letu la magharibi mwa Kenya limeumia sana kwa madeni ya namna hii, na kwa sababu nimesadiki kwamba mambo mengi tunayoyalilia kortini huwa yameshaamuliwa siku mkopo ulipotolewa, katika karatasi ambazo hakuna aliyezisoma kwa makini.

Tuchukue mfano wa kubuni. Kuna kampuni ya kukoboa mpunga nje kidogo ya mji. Inanunua mpunga kwa wakulima wa Ahero na West Kano, na mara nyingi huwalipa baada ya mchele kuuzwa. Mkulima hurudi nyumbani na risiti ya mizani tu. Kampuni hiyo imekopa Sh30 milioni za kununua mashine mpya, na ina ovadrafti ya kuendeshea shughuli za kila siku. Siku ya mkopo, wakurugenzi wake walitia saini karatasi za aina tatu. Ya kwanza ni rehani juu ya shamba au ploti. Ya pili ni debencha, yaani hati inayoipa benki haki juu ya mali yote ya kampuni, tangu mashine hadi magunia yaliyomo ghalani na fedha ambazo wateja hawajalipa. Ya tatu ni udhamini wa kibinafsi, ambapo kila mkurugenzi anaahidi kulipa kwa mali yake mwenyewe endapo kampuni itashindwa.

Hiyo ya tatu ndiyo huwashtua watu baadaye. Tumefundishwa kwamba kampuni ni mtu kamili mbele ya sheria, kwamba ina deni lake na mwenye hisa ana mfuko wake. Ni kweli, lakini mkurugenzi aliyeweka saini ya udhamini amebomoa ukuta huo kwa mkono wake mwenyewe. Benki inaweza kuiacha kampuni na kumfuata yeye, au kuwafuata wote wawili kwa pamoja.

Niliwahi kuketi katika ofisi ya wakili mmoja hapa mjini wakati mume na mkewe walipokuja kuweka nyumba yao rehani kwa ajili ya kampuni ya mume. Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 inataka mwenzi wa ndoa akubali kabla ya nyumba ya familia kuwekwa rehani. Yule mama alikuwa ameshashika kalamu. Aliuliza, "Hii ni ya nini, baba watoto?" Mume akajibu, "Ni karatasi za benki tu, mama." Wakili akaufunika ukurasa kwa kiganja chake, akasema kwa utulivu, "Mama, kabla hujatia saini, hebu nikueleze. Kampuni ikishindwa kulipa, benki inaweza kuuza nyumba mnayolala." Chumba kilikaa kimya kwa muda. Baadaye alitia saini, lakini alitia akijua. Laiti kila saini ya namna hiyo ingetanguliwa na kiganja kama kile.

Sasa biashara imeyumba. Mvua zimeharibu mavuno, mchele wa kutoka nje umejaa sokoni kwa bei ya chini, na mkopo haujalipwa kwa miezi kadhaa. Kanuni za Benki Kuu ya Kenya huitaka kila benki kuuhesabu mkopo uliochelewa kwa zaidi ya siku 90 kuwa miongoni mwa mikopo isiyolipika, na kutenga fedha za kufidia hasara inayoweza kutokea. Fedha hizo hupunguza faida ya benki. Ndiyo maana sauti ya benki hubadilika ghafla: meneja wa tawi aliyekuwa akinywa chai na mkurugenzi hana tena mamlaka juu ya faili, kwa kuwa limehamishiwa idara ya kufuatilia madeni katika makao makuu. Mkurugenzi anayengoja simu ya rafiki yake wa tawini anangoja bure. Wakati mzuri wa kuomba mkopo upangwe upya ni kabla ya siku hizo 90, angali akizungumza na mtu mwenye uwezo wa kukubali.

Njia ya kwanza, ambayo benki huipenda zaidi, ni kuuza mali iliyowekwa rehani, kwa kuwa haihitaji kesi. Hata hivyo sheria imeweka ngazi ambazo haziwezi kurukwa. Mkopaji akishakaa mwezi mmoja bila kulipa, benki humwandikia ilani ya kumtaka alipe, na humpa muda usiopungua miezi mitatu. Muda huo ukipita, benki humpa ilani ya pili, ya kukusudia kuuza, yenye siku zisizopungua 40. Nakala yake lazima iwafikie pia mwenzi wa ndoa aliyetoa kibali, wadhamini, na wapangaji. Kisha dalali naye, kwa kanuni za madalali za mwaka 1997, hutoa ilani ya siku 45 za kukomboa mali, ndipo atangaze mnada siku zisizopungua 14 kabla ya kuufanya. Ukijumlisha, kuanzia siku malipo yalipokatika hadi nyundo inapogonga, ni zaidi ya miezi saba. Nimewaona watu waliotumia miezi yote hiyo kuficha barua kwenye droo, kisha wakatafuta wakili ikiwa imebaki wiki moja.

Hapa ndipo penye jambo linalowachanganya wasomaji wengi wa magazeti. Anayekwenda kortini katika njia hii huwa ni mkopaji. Benki haina haja ya jaji. Kampuni ndiyo inayomhitaji, ili mnada uzuiwe. Mahakama humpima mwombaji kwa kipimo kilichowekwa mwaka 1973 na Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki katika kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown: aonyeshe kwanza kwamba ana hoja yenye mashiko, aonyeshe kwamba asipopewa zuio ataumia kwa namna ambayo fidia ya fedha haiwezi kuponya, na mahakama ikibaki na shaka, itazame ni upande upi utaumia zaidi.

Hoja zinazofaulu ni zile zinazogusa hatua za sheria. Ilani ilitumwa kwenye sanduku la posta ambalo kampuni iliacha kulitumia zamani na benki ilijua. Mwenzi wa ndoa hakukubali. Mali haikuthaminiwa upya kabla ya mnada, au inaelekea kuuzwa kwa bei ya kutupa. Sheria ya Ardhi inasema kwamba mali ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, benki huchukuliwa kuwa imekiuka wajibu wake wa kutafuta bei nzuri, hadi itakapothibitisha vinginevyo. Hoja zinazoanguka nazo ndizo ninazozisikia mara nyingi mitaani: kwamba shamba ni la ukoo, kwamba makaburi ya wazee yako pale, kwamba biashara ilikuwa ngumu. Mahakama zimesema mara kwa mara kwamba mwenye ardhi akiiweka rehani ameigeuza kuwa bidhaa yenye bei, na chenye bei kinaweza kufidiwa kwa fedha. Ni maneno makali kwa mtu ambaye babake amezikwa pale, lakini ni heri kuyasikia kabla ya kutia saini.

Vilevile, kubishania kiasi cha deni peke yake hakuzuii mnada, kwa kuwa kiasi kinaweza kukokotolewa baadaye na ziada ikarudishwa. Jaji akitoa zuio, mara nyingi hulifunga na sharti la kulipa sehemu ya deni. Na zuio likitolewa kwa sababu ya kasoro ya ilani, benki huanza upya kwa ilani mpya. Mkopaji amepata miezi kadhaa ya kupumua. Deni bado lipo na riba inaendelea. Nyundo ikishagonga, haki ya kukomboa imekwisha, na anayelalamika hubakiwa na dai la fidia dhidi ya benki, kwa sababu mnunuzi aliyenunua kwa nia njema hulindwa.

Kuhusu riba, hapa wakopaji wana silaha ambayo wengi hawaijui. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kilichoanza kutumika mwaka 2007, kimeweka kikomo. Mkopo ukishaingia katika kundi la mikopo isiyolipika, benki haiwezi kudai riba inayozidi kiasi cha deni la msingi kilichokuwapo siku hiyo. Kampuni yetu ya mpunga ikiwa ilikuwa bado inadaiwa Sh20 milioni za msingi siku mkopo ulipoharibika, riba itakayodaiwa haiwezi kupita Sh20 milioni nyingine, hata miaka ikipita kumi. Jumla itaishia Sh40 milioni, pamoja na gharama za kufuatilia deni. Lakini kikomo hicho hakihusu riba inayotokana na amri ya mahakama baada ya hukumu, kwa hiyo anayeburuta miguu baada ya kushindwa kesi anaweza kuona deni likipanda tena.

Kipo pia kifungu cha 44, kinachoizuia benki kuongeza tozo zake bila idhini ya Waziri wa Fedha. Kwa miaka mingi benki zilishikilia kwamba kinahusu ada tu na hakigusi riba. Juni 2024, katika kesi ya benki ya Stanbic na kampuni ya Santowels, Mahakama ya Juu iliamua kwamba riba nayo imo. Kampuni inayodaiwa inapaswa basi kuomba taarifa kamili ya akaunti tangu siku ya kwanza, ikae chini na mhasibu wake, na kufuata mstari baada ya mstari: riba ilipanda lini, kutoka asilimia ngapi hadi ngapi, kwa idhini ipi, na riba ya adhabu ilianza kuongezwa juu ya kiasi gani. Ni kazi ya kuchosha, lakini shilingi nyingi zimejificha katika kurasa hizo kuliko katika hotuba yoyote ya wakili.

Njia ya pili ni kesi ya kawaida ya madai. Benki huitumia pale dhamana isipotosha, au inapomlenga mdhamini. Huwasilisha madai, nayo kampuni hupewa siku chache za kujitokeza na kujibu. Isipojibu, hukumu hutolewa bila kusikizwa kwake. Ikijibu kwa kukana tu bila hoja ya kweli, benki inaweza kuomba hukumu ya haraka. Baada ya hapo huja dalali na orodha ya mali zinazohamishika, na akaunti katika benki nyingine zinaweza kuzuiwa. Mahakama ya Hakimu Mkuu husikiza madai yasiyozidi Sh20 milioni, na yanayozidi huenda Mahakama Kuu. Kwa kuwa ardhi imo, wengi hukimbilia Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Lakini mwaka 2017 Mahakama ya Rufaa ilieleza kwamba mgogoro wa hesabu na rehani kati ya benki na mkopaji ni wa Mahakama Kuu.

Njia ya tatu ndiyo iliyoacha kovu katika magharibi. Chini ya debencha za zamani, benki ilikuwa na uwezo wa kumteua meneja mrasimu, ambaye huingia kiwandani, hushika funguo na vitabu vya hesabu, na wakurugenzi hupoteza usemi juu ya mali iliyowekwa dhamana. Kazi yake ya kwanza ni kurejesha fedha za aliyemteua. Sheria ya Ufilisi ya mwaka 2015 ilileta utaratibu mwingine, wa msimamizi, ambaye lengo lake la kwanza ni kuiokoa kampuni iendelee na kazi. Hilo likishindikana, awapatie wadai wote matokeo bora kuliko ambavyo wangepata kampuni ikivunjwa. Na mwisho ndipo auze mali ili kuwalipa wenye dhamana na wenye kipaumbele. Akiwa kazini, kesi na minada dhidi ya kampuni husimamishwa, isipokuwa yeye mwenyewe au mahakama iruhusu. Tofauti kati ya watu hawa wawili ni kubwa, ingawa wote huingia kwa lango lilelile wakiwa na walinzi wapya.

Mumias inaonyesha hayo yote kwa uchungu. Kiwanda kilichoanza kusaga miwa mwaka 1973, na ambacho hisa zake ziliingia soko la hisa la Nairobi mwaka 2001, kililemewa na madeni hadi kikanyamaza. Septemba 2019 benki ya KCB ikamteua meneja mrasimu. Desemba 2021 kiwanda kikakodishwa kwa kundi la Sarrai kutoka Uganda kwa miaka 20. Aprili 2022 Mahakama Kuu ikabatilisha ukodishaji huo na kumwondoa aliyekuwa akikisimamia, na mvutano ukaendelea katika rufaa na kesi nyingine. Wakati wote huo mkulima wa Matungu mwenye malimbikizo ya fedha za miwa alikuwa akisikiliza redio, akitajiwa majina ya majaji na kampuni, bila kuambiwa yeye yuko wapi katika foleni. Kampuni ya sukari ya Muhoroni nayo iliwekwa chini ya mameneja warasimu mwaka 2001 na ikakaa hivyo kwa zaidi ya miaka 20. Mtu aliyeanza kazi pale akiwa kijana aliweza kustaafu kabla kampuni haijatoka.

Njia ya nne ni kuomba kampuni ivunjwe. Mdai yeyote anayedai Sh100,000 au zaidi anaweza kuipelekea kampuni ilani rasmi ya siku 21, na isipolipa huhesabiwa kuwa imeshindwa kulipa madeni yake. Si benki pekee yenye uwezo huu. Hata aliyeiuzia kampuni magunia anao. Majaji hukataa njia hii kutumiwa kama fimbo pale ambapo deni lenyewe linabishaniwa kwa hoja ya kweli. Ombi likikubaliwa, mfilisi huuza vyote na kugawa.

Na mgawo una mpangilio. Mali iliyowekwa rehani mahususi, kama ploti na mashine zilizoandikishwa, humlipa kwanza mwenye rehani. Katika mali iliyobaki hutolewa gharama za ufilisi, kisha mishahara ya wafanyakazi ya miezi minne iliyotangulia, kwa kikomo cha Sh200,000 kwa kila mmoja, kisha kodi. Aliye na dhamana ya jumla juu ya mali inayobadilikabadilika, kama akiba ya ghalani, hufuata baada ya hao, ingawa sheria hutenga sehemu ya fedha hizo kwa ajili ya wadai wasio na dhamana. Mkulima wa mpunga yumo katika kundi hilo la mwisho. Mpunga wake ukishapimwa na kuingia ghalani ni mali ya kampuni, na huenda ukawa tayari umeshikwa na debencha ya benki kabla hajafika nyumbani Ahero.

Jambo hili haliko gizani kama inavyodhaniwa. Tangu Sheria ya mwaka 2017 kuhusu dhamana za mali zinazohamishika, dhamana hizo huandikishwa katika sajili ambayo mtu yeyote anaweza kuitafuta kwa njia ya mtandao. Chama cha ushirika kinachotaka kuikopesha kampuni mavuno ya msimu mzima kinaweza kuangalia kwanza ni nani ameshika nini, na kikaamua kudai malipo papo hapo, au malipo ya nusu kabla ya mpunga kushushwa.

Kampuni ikishaingia mikononi mwa msimamizi au mfilisi, mkulima hahitaji kufungua kesi yake. Kesi hiyo huenda isiruhusiwe kusonga. Anachohitaji ni kuwasilisha dai lake kwa maandishi kabla ya tarehe inayotangazwa gazetini, akiambatanisha risiti ya mizani yenye tarehe, uzani na muhuri. Asiyewasilisha anaweza kuachwa nje ya mgawo hata kama kijiji kizima kinajua anadai. Katika mkutano wa wadai kura huhesabiwa kwa thamani ya deni, kwa hiyo mwenye Sh50,000 akienda peke yake hasikiki. Wakulima 40 wa kiasi hicho, wakikusanya risiti zao katika faili moja na kumtuma mjumbe mmoja mwenye barua ya uwakilishi, wanaingia mkutanoni wakiwa na Sh2 milioni, na hapo msimamizi hulazimika kusimama na kuwaeleza mpunga wao ulikwenda wapi.